Fundi kasema geji 16, kalipa inasoma 1.2: nani yuko sahihi?

“Shikamoo mwalimu. Nimejenga Kibaha, na mwaka jana nilitengenezewa geti la milango miwili. Tulikubaliana shiti za geji 16. Sasa ukilisukuma kwa kiganja pale katikati linabonyea na kulia kama debe. Shemeji yangu alikuja na kalipa, kile kifaa chenye taya cha kupimia unene, akapima akapata milimita 1.2. Fundi anasema hiyo ndiyo geji 16, ila za siku hizi ni za Kichina, ni nyembamba. Jambo la pili: paa ni mabati ya rangi geji 28, na yalikatwa kwa grinda kule kule juu. Masika moja tu, kingo zimeanza kutu, na kuna vidoa vya kahawia vimetawanyika juu ya rangi. Bado nina mabati kumi ya banda la kuku. Shemeji anashauri tukodi mashine ya plazima tuyakate vizuri. Je, nimeibiwa? Nibomoe geti? Na hayo mabati niyakate na nini? Naomba unieleze taratibu, maana mimi nilidhani namba kubwa ndiyo bati nene.”

Marahaba, dada yangu. Maswali yako ni matatu, lakini naona yote yana mzizi mmoja: umelipia kitu kwa jina, na jina hilo kila mtu analitumia anavyotaka. Nikujibu kwanza kwa ufupi ili utulie, kisha tuingie ndani. Chuma cha milimita 1.2 si geji 16. Ni geji 18. Hata hivyo usibomoe geti, linatibika. Na usimwite fundi wako mwizi bado, kwa sababu nitakazokueleza. Kutu ya paa haitokani na ubovu wa bati, imetokana na namna lilivyokatwa, nayo ukiiwahi inadhibitika. Mabati ya kuku yakate kwa mkasi. Plazima iacheni huko huko iliko.

Tuanze na hiyo namba, maana umekiri kwamba ilikuchanganya, na imewachanganya wengi kabla yako. Katika geji, namba ikipanda bati linapungua. Geji 16 ni nene kuliko 18, na 28 ni nene kuliko 30. Inaonekana kichekesho mpaka ujue ilikotoka. Asili yake ni kwa wavuta waya wa Uingereza, hasa Birmingham. Waya ulikuwa unavutwa kupitia tundu kwenye bamba gumu, kisha tundu dogo zaidi, kisha dogo zaidi. Waya uliopita matundu mengi ulikuwa umekonda zaidi, kwa hiyo namba yake ilikuwa kubwa. Kwa maneno mengine, geji haikuzaliwa kuwa kipimo cha unene. Ilikuwa hesabu ya safari za waya, na baadaye watu wa bati wakaiazima.

Tatizo ni kwamba waliiazima kila mtu kwa njia yake. Uingereza walitunga jedwali rasmi la waya lililoanza kutumika mwaka 1884, na pembeni yake likaendelea jedwali jingine la mabati lenye jina la Birmingham. Marekani nao, kwa sheria ya mwaka 1893, walitengeneza la kwao lililojengwa juu ya uzito wa bati kwa futi ya mraba. Aluminiamu ina jedwali lake tena. Matokeo yake ni haya: geji 16 ya chuma kwa Mmarekani ni kama milimita 1.52, kwa jedwali la Birmingham ni 1.59, kwa jedwali la waya la Uingereza ni 1.63, na ikiwa ni aluminiamu inashuka hadi 1.29. Yote ni “geji 16”, na hakuna anayedanganya. Sisi huku tulirithi majina ya Kiingereza, tukaletewa bidhaa kutoka kila upande, na dukani yamebaki mazoea tu.

Sasa liangalie geti lako. Katika majedwali yote ya chuma niliyokutajia, geji 16 haishuki chini ya 1.5. Na 1.2 inaangukia wapi? Geji 18 ni 1.21 kwa Wamarekani, 1.22 kwa jedwali la waya, 1.26 kwa Birmingham. Hapo majedwali yanakaribia kukubaliana. Ni kweli kiwanda huruhusiwa kupishana kidogo na unene kilichoutangaza, lakini kwa shiti ya unene huu tunazungumzia kama sehemu moja ya kumi ya milimita. Kupishana huko hakuwezi kuishusha 1.5 hadi 1.2.

Na hili la Kichina nalo tuliweke sawa. Viwanda vya China huuza kwa milimita: 1.0, 1.2, 1.5, 2.0. Geji huandikwa huku, na mwenye duka au mpiga chaki. Ninachokiona mara nyingi ni kwamba duka limepokea shiti ya 1.2, likaiita “16” kwa sababu mteja anauliza 16, na fundi kainunua kwa jina hilo akiamini. Wapo mafundi wanaojua na kunyamaza, sikufichi. Lakini wapo wengi ambao hawajawahi kushika kalipa maishani mwao, na wa kwako huenda ni mmoja wao. Ndiyo maana nasema mwende pamoja dukani alikonunua, na kalipa mkononi, kabla hamjagombana.

Kabla ya kwenda, pimeni upya. Sina shaka na shemeji yako, ila geti limeshapakwa rangi, na rangi nayo ina unene. Chagueni sehemu ambayo shiti inafikika pande zote mbili. Mara nyingi ni pale kwenye tundu la kitasa. Pigeni msasa hadi rangi yote iondoke na chuma king'ae, mbele na nyuma, eneo la ukubwa wa sarafu. Kisha piteni na tupa laini kwenye ukingo wa tundu, kwa sababu panapokatwa huota kijinywele cha chuma kinachochoma kidole, na taya za kalipa zikikikalia hicho mtasoma namba kubwa kuliko haki. Banisheni taya kwa upole, ndani kidogo kutoka ukingoni, msome mara tatu sehemu tatu. Mkipata maikromita, kifaa cha kupimia unene kilicho makini kuliko kalipa, ni bora zaidi. Usishangae namba ikishuka hadi 1.1, kwa sababu ile 1.2 ya mwanzo huenda ilihesabu na rangi. Mkiwa mmemaliza pakeni primeri, ile rangi ya kwanza ya kukinga chuma, hapo hapo, msiache jeraha wazi.

Kwa shiti ambayo haijakatwa kuna njia ambayo naipenda kuliko kalipa, nayo ni mizani. Chuma cha mita moja ya mraba chenye unene wa milimita moja kina uzito wa kilo 7.85. Shiti ya futi nane kwa nne ni mita za mraba 2.98, hivyo kila milimita ya unene huleta kilo 23.4. Shiti ya 1.2 itakuwa na kilo 28 hivi. Ya 1.5 itakuwa na kilo 35. Tofauti ya kilo saba vijana wawili wanaobeba wataihisi hata bila mizani. Kwenye geti la shiti mbili umekosa kilo kama 14 za chuma ulizolipia, yaani sehemu moja kwa tano. Hiyo ndiyo hoja ya kwenda nayo dukani, kwa sababu haibishaniwi: bei ya chuma huko juu kwa waagizaji huenda kwa uzito.

Labda utasema, tofauti ya 0.3 tu, mbona geti linalia kama debe? Hapa ndipo wengi wanapopunjwa bila kujua. Ugumu wa bati kupinda haupandi sambamba na unene. Unapanda kwa unene mara unene mara unene. Chukua 1.5 ugawe kwa 1.2, unapata 1.25. Zidisha 1.25 kwa yenyewe mara tatu, unapata karibu 1.95. Shiti ya 1.5 ni ngumu kupinda takribani mara mbili ya ile ya 1.2, ingawa imeizidi uzito kwa robo tu. Kiganja chako pale katikati kilihisi hesabu hiyo kabla kalipa haijafika.

Kuna na sababu ya pili ya ule mlio. Bati jembamba likichomelewa mstari mrefu bila kupumzika hupata joto, hutanuka, kisha likipoa linajivuta na kubaki na mawimbi. Sehemu iliyojaa wimbi huwa na pande mbili za kukaa, ndani au nje, na ukiigusa inaruka kutoka upande mmoja kwenda mwingine. Huo ndio mlio wako. Angalia nyuma ya geti: ukiona uchomeleaji umezunguka fremu yote bila kukatika, ujue sehemu ya lawama ni ya joto, na hata shiti ya 1.5 ingekuwa na mawimbi kiasi.

Kwa hiyo geti ufanyeje? Nikiwa mahali pako nisingebadilisha shiti. Kuzing'oa ni kuharibu fremu, na gharama ya kazi itazidi thamani ya chuma kilichopungua. Ningemtaka fundi aongeze mbavu kwa nyuma: vipande vya chuma bapa au pembe ndogo, vilivyolazwa mahali panapobonyea zaidi, na avishike kwa nukta fupi fupi. Sentimita mbili za kuchomelea, aruke sentimita 15, aende upande mwingine kabisa wa geti huku pa kwanza papoe, ndipo arudi. Mbavu mbili au tatu kwa kila mlango zitanyamazisha mlio na kuongeza ugumu kuliko ambavyo shiti ya 1.5 peke yake ingefanya. Hiyo kazi aifanye kwa gharama yake, kufidia zile kilo 14. Naona ni suluhu ya haki kwa wote wawili, na ina faida moja zaidi: geti halizidi uzito kwenye bawaba zilizokwisha kufungwa. Kama shida yako ni usalama wa mwizi kutoboa, nikuambie ukweli kwamba 1.2 na 1.5 zote zinakatwa na grinda ndani ya dakika. Usilipie unene kwa matumaini hayo. Fremu, bawaba na kitasa ndiyo vya kuangaliwa.

Sasa twende juu ya paa. Kwenye mabati ya kuezekea geji inapotosha zaidi, kwa sababu namba zinakaribiana mno. Kutoka 16 hadi 18 unashuka milimita 0.3 au zaidi. Kutoka 28 hadi 30 ni kama 0.06 tu kwa jedwali la waya, yaani upana wa unywele. Na bati la rangi lina vitu vitatu ndani yake: chuma chenyewe, zinki au mchanganyiko wa aluminiamu na zinki pande zote mbili, kisha rangi. Muuzaji mmoja anakutajia unene wa chuma kitupu, mwingine anakutajia jumla ya vyote. Zinki nzito ya gramu 275 kwa mita ya mraba, ukijumlisha pande zote mbili, huongeza milimita 0.04 hivi. Rangi ya juu na ya chini huongeza nyingine 0.03 au zaidi kidogo. Bati lililoandikwa 0.30 kwa jumla linaweza kuwa na chuma cha 0.23 tu ndani. Ukinunua tena, muulize maneno haya haya: “Chuma kitupu ni milimita ngapi, na zinki ni gramu ngapi kwa mita ya mraba?” Muuzaji anayejua bidhaa yake atakujibu bila kuchukia, na omba aandike kwenye risiti.

Na usidhani unene ndio unaozuia kutu. Nimeshaona bati nene lenye zinki ya kupakwa juu juu likioza mapema kuliko bati jembamba lililovikwa vizuri. Unene unakusaidia bati lisipinde mtu akikanyaga na lisipigwe na upepo. Kutu inazuiwa na zinki, na zinki ndiyo iliyoumizwa na grinda juu ya nyumba yako.

Zinki hailindi chuma kwa kukifunika tu. Inajitoa mhanga. Maji yakikutana na zinki na chuma vilivyogusana, zinki ndiyo inayoliwa kwanza, na chuma kilicho jirani kinabaki salama. Ndiyo maana bati likikatwa kwa mkasi, ule ukingo mwembamba wa chuma kilicho wazi haupati kutu upesi: zinki iko juu na chini yake, umbali usiofika nusu milimita, inaulinda. Tena mkasi unapobana huburuza zinki kidogo juu ya ukingo. Grinda inafanya kinyume. Diski haikati kama kisu, inasaga, na inasaga kwa moto. Zinki huyeyuka kwenye joto la nyuzi 420 na kuchemka kwenye nyuzi 907, wakati cheche za chuma unazoziona zikiruka zina joto zaidi ya hapo. Kandokando ya mkato zinki inaungua, rangi inababuka, na mlinzi wa ukingo anakuwa ameondoka.

Vile vidoa vya kahawia vilivyokutisha ni hizo hizo cheche. Kila cheche ni punje ya chuma cha moto. Ikiangukia rangi inayeyusha kijishimo na kuganda humo. Mvua ya kwanza inaipa kutu. Sogea karibu uangalie kidoa kimoja, utaona katikati yake kuna nukta nyeusi ndogo kuliko mbegu ya mchicha. Kutu hiyo ni ya punje, bado si ya bati. Ukiziacha zitakula rangi taratibu na kuifikia zinki, kwa hiyo uwahi.

Matibabu yake si magumu. Mtafute mtu aliyezoea kupanda paa, apande asubuhi bati likiwa halijapata moto na likiwa kavu, avae viatu vya mpira na akanyage juu ya misumari ambako papi, zile mbao zinazoshikilia bati, zipo chini. Aoshe kwa maji, sabuni ya kawaida na brashi laini ya nailoni. Asitumie steliwaya wala brashi ya waya, maana hizo zitaacha punje mpya za chuma na kukwaruza rangi. Punje nyingi zitatoka. Kwenye kingo zenye kutu apige msasa hadi aone chuma safi, afute vumbi, apake rangi yenye zinki nyingi ndani yake ile inayouzwa kwa ajili ya kuziba majeraha ya mabati, na ikikauka aweke juu yake rangi inayofanana na paa. Redioksaidi ya kawaida, ile rangi nyekundu ya kupaka vyuma, itaficha kutu kwa muda, lakini haina ule uwezo wa kujitoa mhanga. Muhimu zaidi ni kingo za chini, pale maji yanapodondokea, kwa sababu tone la mwisho huning'inia hapo na kukaa. Ukingo ulio chini ya kofia ya paa haupati maji mengi, ukichelewa kidogo si msiba.

Tufike kwenye mabati kumi ya kuku. Kuna mikasi ya bati ya aina mbili kuu madukani. Ule wa kizamani wenye mikono mirefu mitupu unafaa mikato ya moja kwa moja. Ule wenye maungio mawili na mishiko ya rangi una nguvu zaidi kwa mkono mdogo, na rangi zake zina maana: njano hukata moja kwa moja, nyekundu hukunja kuelekea kushoto, kijani kuelekea kulia. Yote inamudu chuma laini hadi milimita 1.2 hivi kwa mkono wenye nguvu, kwa hiyo bati la paa ni chakula chake cha kila siku. Kabla ya kuununua, uangalie msumari wa katikati. Makali mawili yanatakiwa yapishane yakigusana. Yakiacha mwanya, bati halikatwi, linakunjwa na kuingia katikati ya meno, na hapo ndipo mtu husema mkasi ni mbovu kumbe nati imelegea. Ukikata usifunge mkasi hadi ncha; fika robo tatu, fungua, sogeza mbele, endelea. Ukifunga hadi mwisho, kila ncha itaacha kijipembe kinachochana mkono. Vaa glavu za ngozi.

Kuchora mstari, usitumie penseli, hasa ikiwa mabati yako ni ya mchanganyiko wa aluminiamu na zinki. Ule weusi wa penseli ni grafiti, na grafiti ikikaa juu ya aluminiamu penye unyevu huanzisha kutu kwenye mstari ule ule uliochora. Tumia makapeni. Hili watu wengi hawalijui, hata mafundi wazuri.

Kama migongo ya bati inakusumbua kuikata kwa mkasi kukatiza, kuna kimashine cha kung'ata bati kinachofungwa kwenye drili. Kinakata bila moto, mwendo wa haraka, na kinafuata mgongo vizuri. Kasoro yake ni kwamba kinatema vipande vidogo vyenye umbo la mwezi mchanga, vikali sana. Kwenye banda la kuku hilo si dogo, kwa sababu kuku hudonoa kila kinachong'aa. Katia mbali na banda, juu ya turubai, na umalize kwa kupitisha sumaku.

Plazima ni mashine nzuri na naiheshimu. Inapuliza hewa katikati ya cheche ya umeme hadi inakuwa ya moto kupita kiasi na kuyeyusha chuma chochote kinachopitisha umeme, hata stenlesi na aluminiamu ambavyo gesi ya oksijeni na asetilini haivikati. Mkiwa na shiti za milimita tatu, tano, kumi, ikodini. Kwa bati la 0.3 ni kuunguza zinki tena kama grinda, huku mkilipia umeme, kompresa na usafiri. Leza ndiyo safi kuliko zote na mkato wake ni mwembamba kama uzi, lakini hiyo ni ya kupeleka mchoro kiwandani mkitaka nakshi za geti au vipande hamsini vinavyofanana. Na kwa shiti nyeusi, yaani zisizovikwa zinki, za unene kama wa geti lako, karakana kubwa huwa na gilotini: inakata futi nane kwa pigo moja, haina moto, haipotezi chuma hata milimita. Pale Gerezani, Dar es Salaam, mafundi bati wamejaa, na mwenye mashine ya kukatia hukukatia kwa malipo kidogo hata kama shiti hukununua kwake.

Grinda siwezi kuikataza kabisa, kwa geti ni chombo halali. Ila niseme jambo moja kwa uzito. Diski ya inchi nne na nusu ikizunguka mara 11,000 kwa dakika, ukingo wake unakwenda zaidi ya kilomita 230 kwa saa. Bati jembamba likitetemeka hubana diski, na diski ikipasuka vipande vinaruka kwa mwendo huo. Kinga ya grinda isitolewe. Mtindo wa kutoa kinga ili kuvisha diski kubwa ya inchi tisa kwenye grinda ndogo unaua: diski hiyo imetengenezwa kwa mizunguko 6,600, na ninyi mnaipa 11,000. Soma namba iliyo kwenye diski, na tarehe ya mwisho iliyopigwa kwenye duara la chuma pale katikati, kwa sababu gundi yake huzeeka.

Na kwa kuwa fundi atachomelea mbavu kwenye geti, muulize kama vyuma hivyo ni vyeusi au vimevikwa zinki. Vya zinki vikichomelewa hutoa moshi mweupe, na anayeuvuta huanza kuhisi jioni homa, baridi na maumivu ya mwili kama malaria. Mafundi wengi wanaamini kunywa maziwa kunatoa sumu hiyo. Maziwa yanaenda tumboni, moshi umeenda kwenye mapafu. Dawa ni kusaga zinki iondoke kabla ya kuchomelea, kufanyia kazi nje upepo ukitokea mgongoni, na kuvaa barakoa ya moshi. Akibanwa na pumzi au kifua kikiuma, apelekwe hospitali siku hiyo hiyo na aseme alikuwa anachomelea nini. Cheche ikiingia jichoni vile vile: msiitoe kwa ncha ya leso wala ulimi, nendeni kwa mtu wa macho, kwa sababu punje ya chuma huanza kutu ndani ya jicho kwa saa chache.

Kuna mambo mawili ambayo siwezi kukuhukumia kwa barua. Ukiona mlango wa geti unashuka, unakwangua chini au nguzo inaegemea, mwite fundi mwingine mzoefu aangalie bawaba na msingi wa nguzo kabla hamjaongeza hata ubavu mmoja. Na ukiona kutu ya paa imetoboa hadi mwanga unapita, au imezunguka misumari, hapo kupaka hakutoshi. Atakayepanda akague na papi kama zimeoza. Kama dukani wakikataa hata kuipima shiti mbele yenu, mna haki ya kulifikisha suala hilo kwa Wakala wa Vipimo au Shirika la Viwango, mkiwa na risiti na kipande cha shiti mkononi.

Mabati ya kuku mkishayakata, yalazeni ukingo wa kiwandani uelekee chini kwenye kidondoshea, na ule mlioukata uende juu, chini ya kofia. Mabaki yote yaokoteni siku hiyo hiyo kabla watoto hawajaingia uani pekupeku.